Kamba ya Mshazari na Watoto Walioketi Chini ya Mwarobaini

Wazazi wengi wanaosoma ukurasa huu wamekwisha kuambiwa, au wataambiwa karibuni, kwamba watoto wao wamegawanyika mafungu: yupo mtoto wa macho, asiyeelewa mpaka aone, yupo mtoto wa masikio, asiyeelewa mpaka asikie, na yupo mtoto wa vitendo, asiyeelewa mpaka aguse na kutenda mwenyewe. Kauli hiyo ni tamu. Humpa tumaini mama ambaye mwanawe hushika mkia darasani kila muhula, na humpa mwalimu aliyechoka maelezo ya kumwambia mama huyo. Zamani ilikuwa ikisemwa darasani tu, katika kusoma na kuhesabu. Sasa imetoka nje ya darasa, imefika kiwanjani.

Sisi ilitufikia kwa njia ya barua. Shule ya msingi iliyo chini ya kamati ya msikiti wetu ilipendekezewa semina ya siku mbili kwa ajili ya walimu wa michezo. Baada ya semina hiyo watoto wa darasa la nne hadi la sita wangejazishwa dodoso, wakagawanywa makundi matatu, na kila kundi likafundishwa mchezo kwa mtindo wake: la kwanza litazame picha na video, la pili lisikilize maelezo ya mwalimu, la tatu liingie uwanjani na kujaribu. Gharama ya semina na madodoso ilikaribia kumaliza fungu zima la michezo la mwaka, nasi ndio tunaotia saini hundi. Baadhi ya wajumbe walitaka iidhinishwe siku ile ile, kwa hoja kwamba jambo la kitaalamu lisicheleweshwe na wasio wataalamu. Wengine walitaka ikataliwe siku ile ile, kwa hoja kwamba mtoto akitaka kucheza hahitaji dodoso. Tuliomba wiki tatu. Makala hii ni matunda ya wiki tatu hizo: tuliyoyasoma, na tuliyoyaona tulipokwenda kusimama kiwanjani.

Asili ya dhana yenyewe

Habari ya mitindo ya kujifunza si ya jana. Mwaka 1984 Mmarekani David Kolb alitoa kitabu juu ya kujifunza kutokana na tajriba, akawapanga wanaojifunza kwa jinsi wanavyoyapokea mambo na jinsi wanavyoyafanyia kazi. Lakini jina linalotajwa zaidi siku hizi ni la Neil Fleming wa New Zealand. Bwana huyu alipata kuwa mkaguzi wa shule, na katika kuzunguka kwake madarasani alishangazwa na jambo ambalo kila mzazi amelishuhudia: walimu hodari ambao baadhi ya wanafunzi hawakuambulia kitu kwao, na walimu dhaifu ambao baadhi ya wanafunzi walifaulu mikononi mwao. Akaitafuta sababu, na kwa maoni yake akaipata katika njia ambazo kila mtu hupendelea kupokea habari: kwa kuona, kwa kusikia, kwa kusoma na kuandika, au kwa kutenda. Mwaka 1992 yeye na mwenzake Colleen Mills waliandika juu ya jambo hilo. Dodoso lake, ambalo sasa lina maswali 16, limeenea katika shule na vyuo vya mabara yote.

Yafaa tumtendee haki Bwana Fleming. Dodoso lake humwuliza mtu anachokipendelea, wala halidai kupima uwezo wake. Waliokuja baada yake ndio waliochukua mapendeleo wakayafanya maumbile. Mtoto aweza kuipenda halua kuliko samaki, na mama yake asiache kumpikia samaki kwa sababu hiyo.

Wala nadharia zenyewe hazipatani. Mwaka 2004 watafiti wa Uingereza wakiongozwa na Frank Coffield walijaribu kuzihesabu nadharia za mitindo ya kujifunza zilizokuwa zimekwisha kuandikwa, wakazikuta 71. Mtoto mmoja, kwa hiyo, aweza kuwa wa macho kwa mizani ya huyu, mtafakari kwa mizani ya yule, na mwanadharia kwa mizani ya wa tatu, na jioni akarudi nyumbani ni yule yule aliyetoka asubuhi.

Swali la maana lilikuwa moja: je, mtoto akifundishwa kwa mtindo ambao dodoso limesema ni wake, hujifunza zaidi? Mwaka 2008 wanasaikolojia wanne wa Marekani, Harold Pashler, Mark McDaniel, Doug Rohrer na Robert Bjork, waliweka wazi ni ushahidi wa namna gani unaohitajika kulijibu. Wagawe wanafunzi kwa mitindo yao. Kisha, kwa kura, nusu ya kila kundi wafundishwe kwa picha na nusu kwa maneno. Mwishoni wote wafanye mtihani mmoja. Iwapo dhana ni ya kweli, watoto wa macho watakuwa wamefaidika zaidi kwa picha, na watoto wa masikio watakuwa wamefaidika zaidi kwa maneno. Walipopekua maandiko yote yaliyojaa sifa za mitindo hiyo, walikuta tafiti chache mno zilizotimiza sharti hilo, na kati ya hizo kadhaa zilitoa jibu lililoipinga dhana waziwazi. Wakahitimisha kwamba hapakuwa na ushahidi wa kutosha wa kuzifanya shule zitumie mali na muda wake katika kuwapima watoto mitindo.

Pamoja na hayo, imani haikupungua. Utafiti wa mwaka 2012 uliowahoji walimu 242 wa Uingereza na Uholanzi uliona kwamba asilimia 93 ya wale wa Uingereza na asilimia 96 ya wale wa Uholanzi waliamini kuwa mtoto hujifunza vyema zaidi akifundishwa kwa mtindo wake. Hatuwacheki walimu hao. Dhana hii imeota mizizi kwa sababu imekaa jirani na ukweli, nao ni kwamba watoto hawafanani. Ugomvi ni juu ya mahali tofauti zao zilipo.

Mchezo hauingii kwa mlango mmoja

Kiwanjani udhaifu wa dhana hii huonekana upesi kuliko darasani. Hakuna aliyejifunza kuogelea kwa masikio. Mtoto anayefundishwa kumpasia mwenzake mpira wa netiboli kutoka kifuani anahitaji kumwona mtu akifanya, asikie maneno mawili matatu ya kumwelekeza, ajaribu mwenyewe, kisha aambiwe alipokosea na ajaribu tena. Ukimnyima lolote kati ya hayo kwa sababu dodoso limesema yeye ni wa kundi jingine, umempunja. Ni mchezo wenyewe unaoamua ni mlango gani wa fahamu utumike, na aghalabu huitaka milango yote.

Kuna na hasara ya wazi zaidi. Shirika la Afya Duniani linashauri kwamba mtoto wa miaka 5 hadi 17 apate wastani wa dakika 60 kwa siku za kuushughulisha mwili kiasi cha kutosha mpaka apumue kwa kasi. Kipindi cha shule yetu ni dakika 40, mara mbili kwa wiki, nacho mara nyingi huazimwa na Hisabati na kisirudishwe. Katika mpango ule tulioletewa, kundi la masikio lingekaa kitako likisikiliza habari za kuruka, na kundi la macho lingekaa kitako likitazama watu wengine wakiruka. Na mtoto wa miaka 10 aliyeambiwa mbele ya wenzake kwamba yeye si mtu wa vitendo atalibeba neno hilo kwa muda mrefu kuliko sisi tutakavyoikumbuka semina.

Basi tofauti zilizo za kweli ni zipi? Tulipomuuliza mwalimu wa michezo wa shule, hakutaja macho wala masikio. Alisema katika darasa moja la tano ana watoto wa miaka 10 na watoto wa miaka 13, na kwamba kati ya umri huo miguu hurefuka kama mihogo ya masika. Alisema wapo waliocheza rede na kuruka kamba uani tangu wakiwa wadogo, ambao wamezoea kuukwepa mpira wa soksi unaorushwa kutoka pande mbili, na wapo waliokulia ndani ya nyumba za kupanga zisizo na ua, ambao mpira ukiwajia hufumba macho. Wapo wenye pumu. Yupo mwenye selimundu, ambaye hana budi kunywa maji mara kwa mara na kupumzika kabla hajachoka, naye huona haya kuomba ruhusa. Wapo wasioona vizuri mbali, na hilo si mtindo wa kujifunza, ni jambo la miwani. Na wapo waoga, ambao uoga wao haukuzaliwa nao bali waliupata kiwanjani, siku walipochekwa.

Tuliyoyaona siku ya Jumatano

Tulikwenda watu watatu, kipindi cha mwisho kabla ya Adhuhuri. Darasa la tano, watoto 58, mwalimu mmoja kijana, filimbi moja, kamba moja na mipira miwili, mmoja wao umepungua upepo. Somo lilikuwa kuruka juu. Wavulana wawili waliishika kamba ikiwa sawasawa, kimo cha goti, na darasa zima likapita likiruka. Kamba ikapandishwa kidogo, wakapita tena. Aliyeigusa alikwenda kuketi chini ya mwarobaini. Kamba ikapandishwa, na mwarobaini ukazidi kupata wageni. Dakika ya kumi ilipotimia zaidi ya nusu ya darasa walikuwa kivulini, na wanariadha sita wakabaki uwanjani wakishangiliwa. Mvulana mfupi, mmoja wa wale wenye pumu, aliruka mara mbili tu katika kipindi kizima.

Mzee mmoja wa kamati, fundi seremala, aliyekuwa kimya muda wote, alimsogelea mwalimu akamwuliza kwa upole, "Mwalimu, mwanangu, hawa walio chini ya mti wanajifunza nini?"

Mwalimu alitazama chini. "Wanajifunza kusubiri, mzee wangu."

Jibu hilo halikuwa la kiburi. Kijana huyu alifundishwa hivyo, nasi sote tulifundishwa hivyo, na mashindano ya UMITASHUMTA humdai kila mwaka ateue walio bora. Anayetafuta warukaji sita wa kupeleka mashindanoni ataridhika na njia hii, kwa kuwa inawatoa haraka. Lakini somo la ratiba ni la watoto 58, na kwa njia ile aliyehitaji kuruka zaidi ndiye aliyeruka kidogo kuliko wote.

Jambo la kustaajabisha ni kwamba tukio hilo hilo, kamba na watoto walioketi, limeandikwa miaka mingi na mtu aliyelitafakari kuliko sisi. Jina lake Muska Mosston, mzaliwa wa Israel aliyefundisha somo la michezo Marekani, naye mwaka 1966 alitoa kitabu juu ya ufundishaji wa somo hilo ambacho baadaye yeye na Sara Ashworth walikiendeleza mpaka kikawa na mitindo 11 ya kufundisha. Tunaomba msomaji aangalie: mitindo ya kufundisha, si mitindo ya kujifunza. Mosston hakuanza kwa kuuliza mtoto ni wa aina gani. Aliuliza ni nani anayeamua. Katika kila somo kuna maamuzi yanayofanywa kabla ya kuanza, maamuzi ya wakati wa kutenda, na maamuzi ya kupima kilichotendwa. Katika mtindo wa amri mwalimu anayashika yote. Katika mitindo inayofuata anayaachia kidogo kidogo: kwanza mwanafunzi huamua aanze lini na kwa kasi gani, kisha hupewa kazi ya kumkagua mwenzake, kisha kujikagua mwenyewe, kisha kuchagua kiwango chake, na mwishoni kabisa kubuni.

Kamba aliitumia kuueleza ule mtindo wa kuchagua kiwango. Ukiishika kamba sawasawa, alisema, umeweka kimo kimoja kwa wote, na kazi ya kimo kimoja ni kutoa watu. Ishike mshazari, upande mmoja uwe chini karibu na ardhi na upande wa pili uwe juu, na kila mtoto atapata mahali pa kuruka. Hakuna anayetolewa, na hakuna anayebembelezwa pia, kwa sababu kila hatua moja kuelekea upande wa juu ni mtihani mpya.

Tulimpa mwalimu maelezo hayo, na Jumatano iliyofuata tukarudi. Alifunga ncha moja ya kamba kwenye shina la mwarobaini, kimo cha kifua chake, na ncha ya pili kwenye mambo aliyoichomeka ardhini, kimo cha kifundo cha mguu. Akawaambia watoto wachague wenyewe pa kurukia, na kwamba hakuna wa kuketi.

Mkanyagano wa mwanzo hatutausimulia. Ulipotulia, tulimtafuta yule mvulana mwenye pumu. Alianzia karibu kabisa na mambo, mahali ambapo hata kuku angepita, akatazama huku na huko kama yupo wa kumcheka, na alipoona kila mtu yuko na shughuli yake akaruka tena, kisha akasogea hatua moja. Fundi seremala alimhesabia: mara 11, na kupumzika mara mbili bila kuamrishwa na mtu. Kulikuwa na wavulana wawili wenye nguvu waliokwenda upande wa chini kwa mzaha, na hapo tulidhani njia imeshindwa. Mwalimu hakusema neno. Mzunguko wa tatu walichoka wenyewe na kuhamia juu, kwa kuwa mchezo usio na ugumu haumfurahishi mtu. Si kila kitu kilinyooka, hata hivyo. Wasichana wawili hawakuruka kabisa, si chini wala juu, na habari yao inakuja.

Kukaguana kwa wawili wawili

Kati ya mitindo ya Mosston, uliotufaa zaidi sisi wenye madarasa makubwa ni ule wa wawili wawili. Mtoto mmoja hutenda, mwenzake hushika kadi yenye mambo matatu au manne ya kuangalia, humtazama, na humwambia lipi limetimia na lipi bado. Kisha hubadilishana. Mwalimu hamsahihishi mtendaji. Huzungumza na yule mwenye kadi, amsaidie kuona vizuri. Mwalimu mmoja hawezi kuwatazama watoto 58, lakini watoto 29 waweza kuwatazama watoto 29. Na mwenye kadi hujifunza pia, kwani ni vigumu kuona kosa la mguu wa mwenzako bila kuufikiria mguu wako.

Wapo watakaosema huu ni ugeni. Kwa waliosoma chuoni si ugeni hata kidogo. Tangu lini maalimu mmoja mwenye wanafunzi arobaini aliwasikiliza wote hifdhi zao peke yake? Wanafunzi huketi wawili wawili, huyu anasoma, yule ameushika msahafu, na akiteleza anamrudisha. Kisha zamu hugeuka. Mwalimu wetu wa michezo alipoelezwa kwa mfano huo alicheka, akasema lau semina zote zingeanza kwa madrasa zingekuwa fupi.

Lisieleweke vibaya hili: mtindo wa amri haujafa, na haupaswi kufa. Watoto wanaporusha mkuki, tufe au kisahani, au wanapoingia majini, mwenye kuamua ni mwalimu peke yake, na kila mtu husimama anaposikia filimbi. Huko Nungwi, kaskazini ya Unguja, mradi wa Panje umewafundisha wasichana kuogelea na kuokoa mtu majini wakiwa wamevaa mavazi yanayositiri mwili mzima, na katika bahari huwezi kumwachia anayeanza achague kina chake. Mwalimu mzuri hubadilisha mtindo kwa kufuata kazi iliyo mbele yake, na pengine katika kipindi kimoja atatumia mitatu.

Mambo mawili zaidi tuliyoyapata katika kusoma yanafaa kutajwa, kwa kuwa hayagharimu senti. La kwanza ni juu ya maneno ya mwalimu. Mwaka 1998 Gabriele Wulf na wenzake waliwafundisha watu kutumia chombo cha kuigiza mtelezo wa theluji. Baadhi waliambiwa waielekeze akili kwenye miguu yao, wengine waielekeze kwenye magurudumu ya chombo yaliyokuwa chini ya miguu hiyo. Hao wa pili walijifunza vizuri zaidi, na tangu hapo matokeo ya namna hiyo yamepatikana katika michezo mingi. Kwa lugha ya kiwanja chetu: badala ya kumwambia mtoto "kunja goti, nyoosha kiwiko," mwambie "isukume ardhi," au "upeleke mpira kwenye kifua cha mwenzako." Mtoto anayefikiria goti lake hujikwaa na goti lake.

La pili linawahusu zaidi walio wakubwa kidogo. Mwaka 1986 Sinah Goode na Richard Magill waliwafundisha wanafunzi wa kike wa chuo namna tatu za kuanzisha mchezo wa vinyoya. Waliofanya namna moja mpaka waimalize, kisha ya pili, kisha ya tatu, hawakufikia wenzao waliozichanganya ovyo, pale wote walipopimwa baadaye. Kuchanganya huonekana kama vurugu siku ya mazoezi, na mwalimu hudhani somo limemponyoka. Faida yake hujitokeza siku nyingine. Kwa watoto wadogo wanaoanza kabisa faida hiyo haijaonekana kwa uwazi wa namna hiyo, kwa hiyo wa darasa la pili waacheni warudie jambo moja kwanza.

Wasichana wawili

Tulisema tutarudi kwa wasichana wawili ambao hawakuruka. Mwalimu alikuwa amewaandika katika daftari lake kuwa wazito wa kujifunza. Mama mmoja wa kamati ya akina mama, aliyekwenda kuzungumza nao faragha, alirudi na maelezo tofauti. Wa kwanza sketi yake ya shule ilikuwa ya kubana, na suruali ya kuvaa chini yake hakuwa nayo. Wa pili alisema kiwanja kimepakana na barabara ya bodaboda, na madereva husimama kutazama. Hakuna dodoso la macho na masikio ambalo lingeliuliza jambo hilo.

Tunalisisitiza kwa sababu tumesikia baadhi ya wazazi wetu wakilimaliza suala zima kwa kusema michezo si ya mabinti. Hoja hiyo haina mashiko. Imepokewa katika Sunan ya Abu Dawud kwamba Mtume (s.a.w.) alishindana mbio na mkewe Bi Aisha (r.a.), mara moja akashindwa na mara nyingine akashinda. Na hata wasioshughulika na stara wameacha kuifanya kikwazo: kanuni za kandanda ziliruhusu kufunika kichwa mwaka 2014, na za mpira wa kikapu mwaka 2017. Lililobaki ni letu wenyewe, yaani nguo na faragha. Suruali pana ya kitambaa chepesi, kanzu fupi ya kufika magotini na mtandio uliofungwa nyuma usining'inie, fundi wa mtaani hushona kwa bei ya chini kuliko viatu vya shule. Suala la barabara ni gumu zaidi. Ua wa makuti wa upande mmoja wa kiwanja unahitaji nguzo, na nguzo zinahitaji fedha.

Kadhalika mwezi wa Ramadhani. Watoto wa darasa la tano na la sita wengi hufunga, na kuwakimbiza jua la saa sita hakufai. Kipindi kisifutwe kwa sababu hiyo. Huo ndio wakati wa kufundisha mambo ya utulivu, kama kurusha na kudaka kwa karibu kivulini, kusimama kwa mguu mmoja, au kutengeneza zile kadi za kukaguana.

Kamati iliamua

Wiki tatu zilipokwisha, kikao kiliikataa semina kwa kura nyingi, ingawa si zote. Mjumbe aliyeitetea alisema neno ambalo tunaliandika hapa kwa kuwa lina haki ya kusikika: kwamba semina, hata kama dhana yake ni dhaifu, ingewafanya walimu wamtazame mtoto mmoja mmoja, na hilo peke yake lina thamani. Tulimjibu kwamba mwalimu mwenye kamba ya mshazari anamwona mtoto mmoja mmoja kila Jumatano, na anamwona akiwa anaruka.

Fungu la michezo limenunua kamba nne ndefu, mipira 12 ya ukubwa wa mikono ya watoto, na karatasi ngumu za kadi ambazo wanafunzi wa darasa la saba wenye mwandiko mzuri wataziandika. Akina mama wamejitolea kushona suruali 20 za kuazimisha, zitakazokaa katika kabati la ofisi. Mwalimu ataandika katika daftari lake kila mtoto ameanzia wapi kwenye kamba na amefikia wapi, na daftari hilo mzazi aweza kuliomba. Maneno "mzito wa kujifunza" yameondolewa.

Mambo mawili hayajapata ufumbuzi. La kwanza ni ua wa makuti, ambao hesabu yake fundi seremala ameahidi kuileta. La pili ni saa ya kipindi: mwalimu anaomba kihamishwe asubuhi kabla jua halijawa kali, na mwalimu mkuu anasema asubuhi ni ya Hisabati na haiguswi. Wote wawili wana hoja. Suala hilo limewekwa la kwanza katika ajenda ya kikao kijacho, Jumapili baada ya swala ya Alasiri, na wazazi wa darasa la nne hadi la sita, akina baba kwa akina mama, wameombwa wahudhurie.